Wimbo wa Picha ya Kihindi na Mabwana Zake

Mjadala wowote kuhusu nyimbo za picha za Kihindi huishia pale pale: za zamani ndizo nyimbo, za leo ni kelele. Wazee huwataja waimbaji Lata Mangeshkar na Mohammed Rafi, vijana hujibu kwa Arijit Singh, na kila mtu huondoka na lake. Mimi nazipenda za zamani kuliko za leo, na sioni haja ya kulificha hilo. Lakini ukiniambia kwamba watu wamepoteza ladha, hujaniambia kitu. India haijapungukiwa na sauti nzuri, wala haijakosa wanaojua kutunga mahadhi. Kilichobadilika ni kazi ya wimbo wenyewe. Kwa miongo kadhaa wimbo uliitumikia hadithi: uliwekwa mahali ambapo maneno ya kawaida yamemshinda mhusika, na ukatungwa kwa ajili ya mahali hapo tu. Baadaye ukapata bwana mwingine, kisha mwingine, na kila bwana akaukata kwa kipimo chake.

Tarehe 14 Machi 1931 senema ya Majestic mjini Bombay, Mumbai ya leo, ilionyesha Alam Ara, filamu ya kwanza ya Kihindi kuwa na sauti, iliyoongozwa na Ardeshir Irani. Ilikuwa na nyimbo saba. Watazamaji hawakushangaa kuona watu wakiimba katikati ya maongezi, kwa sababu walikuwa wamelelewa na tamthilia za Waparsi na michezo ya majukwaani ambako mtu mwenye huzuni huimba na mwenye furaha huimba. Mwaka uliofuata ilitoka Indrasabha yenye nyimbo zipatazo 70. Wakati huo mwigizaji aliimba mwenyewe mbele ya kamera, huku wapigaji wakijificha nyuma ya miti na mapazia wasionekane. Kwa hiyo asiyejua kuimba hakuwa na nafasi, na anayejua kuimba hakuweza kwenda mbali na maikrofoni. Ndiyo maana picha nyingi za mwanzo zinamwonyesha mwimbaji amesimama kama nguzo.

Mwaka 1935, katika studio za New Theatres mjini Calcutta, filamu ya Dhoop Chhaon iliutenganisha uso na sauti. Wimbo ulirekodiwa kwanza, kisha mwigizaji akaja kufuatisha kwa midomo. Jambo hili linaonekana dogo, lakini ndilo lililozaa kila kitu tunachokijua. Mwigizaji sasa aliweza kukimbia, kupanda baiskeli, kulia. Na mwimbaji, ambaye hakuna aliyeuona uso wake, aliweza kuwa sauti ya stelingi wa leo na ya stelingi wa kesho.

Wimbo ulioonyesha utengano huo unaweza kufika wapi ulirekodiwa kwa ajili ya Mahal, filamu ya Bombay Talkies ya mwaka 1949. Hadithi ni ya mtu anayehamia jumba la kale na kuisikia sauti ya mwanamke asiyeonekana, akaifuata chumba hadi chumba. Mtunzi wa mahadhi, Khemchand Prakash, alitaka sauti itoke mbali kisha ikaribie, na vifaa vya wakati ule havikuwa na njia ya kulifanya hilo kwa kubonyeza kitufe. Basi Lata Mangeshkar, msichana wa miaka 19 hivi, alisimama mbali na maikrofoni, akaanza beti ya utangulizi huku akiisogelea hatua kwa hatua, akafika mbele yake pale pale kiitikio kinapoanza. Ukiusikiliza wimbo ule leo bado unazisikia zile hatua. Santuri ilipotoka, mahali pa jina la mwimbaji paliandikwa Kamini, jina la mhusika wa kwenye filamu. Wasikilizaji walipoisikia redioni walitaka kujua nani huyo. Prakash alifariki mwaka 1950, hakuona yaliyofuata.

Wimbo ule ungeondolewa kwenye filamu, filamu isingeeleweka. Hicho ndicho kipimo changu, na nyimbo nyingi za miaka ya 1950 zinakifikia. Zilitokana na kikao: mwongozaji anakaa na mtunzi wa mahadhi na mshairi, kinanda katikati, anawasimulia hali ya mhusika, kisha wanahangaika pamoja mpaka wimbo upatikane. Mshairi katika kikao hicho hakuwa mtu wa kujazia nafasi. Sahir Ludhianvi, Majrooh Sultanpuri, Shailendra, Kaifi Azmi, wote hawa walikuwa washairi waliojulikana kwenye mabaraza ya ushairi wa Kiurdu na Kihindi na katika harakati za wafanyakazi kabla hawajaajiriwa na filamu. Majrooh alifungwa jela kwa sababu ya shairi lake la kumpinga Nehru, waziri mkuu. Watu wa namna hii walipopewa nafasi ya kuandika maneno ya mlevi, kahaba au mtembezi asiye na kwao, waliandika kama watu wenye jambo la kusema.

Tazama Pyaasa ya Guru Dutt, ya mwaka 1957. Mshairi anayedhaniwa amekufa anaingia kwenye ukumbi ambamo watu waliompuuza alipokuwa hai wanamwomboleza kwa hotuba. Anasimama mlangoni, mikono imeshika pande mbili za mlango, mwanga uko nyuma yake, uso haueleweki vizuri. Rafi anaanza karibu na mnong'ono, bila haraka, akiuliza dunia hii hata mtu akiipata ina faida gani. Mtunzi wa mahadhi, S.D. Burman, anaviacha vyombo nyuma kabisa. Beti kwa beti sauti inapanda, hadi mwisho Rafi anapiga kelele kwamba ichomwe dunia hii, iondolewe mbele yangu. Hiyo ni hoja nzima ya filamu, imebebwa na wimbo kwa dakika chache. Hakuna mazungumzo ambayo yangeweza kuifanya kazi hiyo bila kugeuka mahubiri.

Nyuma ya nyimbo hizi kulikuwa na jeshi lisiloandikwa popote. Watunzi wengi wa mahadhi hawakujua kusoma noti za Kizungu, na walihitaji mtu wa kuyageuza mahadhi yao yaweze kupigwa na fidla 30 kwa pamoja. Mtu huyo mara nyingi alikuwa Mgoa. Goa ilikuwa chini ya Wareno, na shule za parokia ziliwafundisha watoto noti na fidla kwa ajili ya ibada. Wakubwa wao walipiga jazi kwenye mahoteli ya Bombay usiku na kuingia studio za filamu mchana. Sebastian D'Souza aliwapangia Shankar-Jaikishan, jozi ya watunzi, nyimbo zilizovuka mipaka ya India. Anthony Gonsalves alipiga fidla, akapanga muziki, akafundisha, na mmoja wa wanafunzi wake alikuwa Pyarelal, nusu ya jozi ya Laxmikant-Pyarelal. Mwaka 1977 jozi hiyo ilipotunga muziki wa Amar Akbar Anthony, jina la mwalimu liliingizwa katika wimbo mmoja, na India nzima ikaimba jina la mtu isiyemjua. Naona ni haki iliyochelewa, na ilikuja kwa mlango wa uani, lakini angalau ilikuja.

Serikali ya India huru haikuzipenda nyimbo hizi. B.V. Keskar, aliyekuwa waziri wa habari na utangazaji kuanzia mwaka 1952, aliziona za kihuni na za kuigaiga Wazungu, na nyimbo za filamu zikabanwa kwenye All India Radio ili watu wasikilize muziki wa kitaalamu. Watu walizungusha kitufe tu. Radio Ceylon, yenye mitambo ya masafa mafupi iliyobaki baada ya vita, ilianza mwaka huo huo kipindi cha Binaca Geetmala kilichodhaminiwa na dawa ya meno, mtangazaji akiwa Ameen Sayani. Kila Jumatano usiku alizipanga nyimbo kwa mafanikio yake, na barua za wasikilizaji zikamiminika kwa maelfu. Mwaka 1957 All India Radio ilisalimu amri ikaanzisha Vividh Bharati, idhaa yake ya burudani.

Keskar alishindwa, na ni vizuri alishindwa. Ila ushindi huo ulikuja na kitu ambacho wapenzi wa zama za dhahabu hawakizungumzii. Kwa mara ya kwanza wimbo ulipimwa peke yake, nje ya filamu, kwa nafasi yake kwenye orodha. Mtayarishaji akajua kwamba wimbo ukishika chati kabla filamu haijatoka, tiketi zitauzika. Bwana wa pili alikuwa ameshaingia ndani, ingawa bado alikaa kwa adabu. Na waimbaji nao walianza kuuliza pesa zinazoendelea kuingia zinakwenda wapi. Lata alidai waimbaji wapate mirabaha. Rafi, mtu mpole, aliona kwamba ukishalipwa ujira wako mambo yamekwisha. Wakakosana, na kwa muda katika miaka ya 1960 sauti mbili kubwa kuliko zote hazikuimba pamoja. Ukiniuliza, Lata ndiye aliyekuwa na haki, na historia iliyofuata imemthibitisha.

Huku kwetu pwani nyimbo hizi hazikuwa za Wahindi peke yao. Awaara ya Raj Kapoor, ya mwaka 1951, ilijaza senema za Zanzibar na Dar es Salaam, na hata wasiojua neno la Kihindi waliziimba nyimbo zake. Mombasa ndiko yalikofanyika makubwa zaidi. Mohamed Khamis Juma Bhalo, mzaliwa wa Malindi aliyefariki mwaka 2014, aliyachukua mahadhi ya filamu akayavika mashairi ya Kiswahili, mengine yakiwa ya jamaa yake Ahmad Nassir Juma Bhalo, mshairi wa kuheshimika. Wapo waliombeza kwamba anaiga. Mimi naona alifanya kazi ngumu. Mahadhi yale yalitungwa kwa mizani ya Kiurdu, na kuyaingiza maneno yenye vina na mizani ya Kimvita bila kuyavunja kunataka fundi. Yeye naye alikuwa na hali za kuzibebea: mapenzi, wivu, majibizano ya mjini. Wimbo uliotumikia hadithi ya Bombay ulihamishwa ukatumikia hadithi ya Mombasa.

Mwishoni mwa miaka ya 1960 aliingia R.D. Burman, mtoto wa S.D., na ninamhesabu kuwa wa mwisho kati ya waliobadilisha sauti bila kuiacha hadithi. Alichanganya gitaa la umeme, ngoma za Amerika Kusini na raga za nyumbani. Alimpa mtu chupa aipulize ili apate mlio anaoutaka. Wimbo mmoja wa Yaadon Ki Baaraat, ya mwaka 1973, unaanza kwa kijiko kinachogonga glasi, kisha gitaa, kisha sauti ya Asha Bhosle. Tukio ni la karamu, na ule mlio unakuingiza karamuni kabla hujaambiwa uko wapi. Mwimbaji Kishore Kumar, ambaye filamu ya Aradhana ya mwaka 1969 ilikuwa imempandisha juu ya wote, alipata kwa Burman mahali pa kuchekea na pa kulilia.

Miaka ya 1980 sitaikalia sana. Video zilizipunguzia senema watu, filamu zikawa za ngumi, na disko ya Bappi Lahiri ikatawala baada ya Nazia Hassan, msichana wa Kipakistani, kufungua mlango kwa wimbo wake katika Qurbani ya mwaka 1980. Kuna lililobaki zuri: Umrao Jaan ya mwaka 1981, ambamo Khayyam alimtaka Asha Bhosle ashushe sauti chini ya kiwango alichozoea, na mwanamke aliyejulikana kwa nyimbo za kabare akaimba ghazali kana kwamba amezaliwa Lucknow.

Mapinduzi ya kweli ya miaka hiyo yalikuwa ya kaseti. Kwa muda mrefu kampuni ya HMV ndiyo iliyoshika soko la santuri, kwa bei ya wenye uwezo. Gulshan Kumar, mtoto wa muuza maji ya matunda wa Daryaganj mjini Delhi, aliona kwamba kaseti inaweza kuuzwa kwa bei ya chini mno na kupangwa kwenye duka la tambuu. Kampuni yake, T-Series, ilitumia nafasi iliyokuwemo kwenye sheria ya hakimiliki kurekodi upya nyimbo za kale kwa waimbaji wachanga. Sonu Nigam alianza kujulikana kwa kuimba nyimbo za Rafi namna hiyo. Mtu wa kipato kidogo akawa na nyimbo zake nyumbani, na kwa hilo pekee Gulshan Kumar anastahili shukrani. Aliuawa kwa risasi mjini Mumbai tarehe 12 Agosti 1997.

Lakini kaseti ndiyo iliyopindua utaratibu wenyewe. Nyimbo za Aashiqui, ya mwaka 1990, zilitungwa na Nadeem-Shravan kama mkusanyiko wa kuuzwa, kisha Mahesh Bhatt akatengeneza filamu ya kuzibeba. Stelingi wake hakuwa na jina, mauzo yakavunja rekodi. Nyimbo zile ni tamu, Kumar Sanu anaziimba kwa moyo, na sijawahi kukutana na mtu wa rika lile asiyezijua. Zisikilize sasa ukiuliza ni nani anayeimba na kwa nini. Ni mpenzi yeyote, mahali popote, akisema jambo ambalo mpenzi yeyote angelisema. Lazima iwe hivyo, kwa sababu zilipotungwa hapakuwa na mhusika. Ukizihamisha ukazitia katika filamu nyingine kumi za miaka hiyo, hakitaharibika kitu.

A.R. Rahman alikuja kutoka Chennai na Roja mwaka 1992, akaleta njia tofauti kabisa ya kufanya kazi. Badala ya ukumbi wenye wapigaji 60 wanaorekodi kwa pamoja, kulikuwa na studio ndogo nyumbani kwake, kompyuta, na usiku mrefu. Mwimbaji anaimba vipande, mara hivi, mara vile, kisha Rahman anavipanga mwenyewe. Upande wa sauti sina la kumlaumu. Hakuna aliyekuwa ameupa muziki wa filamu kina kile, na Oscar mbili alizopata mwaka 2009 zilikuja wakati kazi zake bora zilikwisha kutoka. Hasara ilikuwa mahali pengine. Roja ilikuwa ya Kitamil, na maneno ya Kihindi yalibandikwa juu ya midomo na mahadhi yaliyokwisha kukamilika. Wasikilizaji wa Kihindi walizoea maneno ya juu juu ilimradi sauti inapendeza. Alipopewa mshairi wa kweli na hali ya kweli, alionyesha kwamba kompyuta haina kosa: wimbo wa juu ya treni katika Dil Se ya mwaka 1998, maneno ya Gulzar yaliyochipuka kwenye mapokeo ya Bulleh Shah, mshairi wa kisufi wa Punjab, treni ya milimani, Sukhwinder Singh akipasua anga. Mapenzi pale yanakaribia kuwa wazimu wa kisufi, na filamu nzima inakwenda huko huko.

Leo bwana ni kampuni ya muziki. Mara nyingi ndiyo inayoweka pesa kwenye filamu, inachagua nyimbo, na inazimiliki. Filamu moja inakuwa na watunzi watano, kila mmoja analeta wimbo alioutunga kwake, pengine hata hajasoma hadithi. Kampuni ina ghala la nyimbo za miaka ya 1980 na 1990, basi inazipasha moto kama kiporo: kiitikio kile kile, mdundo mpya, beti za rap katikati. Hesabu yake naielewa. Wimbo unaojulikana hauna haja ya kutambulishwa, na kwenye YouTube anayetazamwa ndiye anayelipwa. T-Series ilikuwa chaneli yenye wafuatiliaji wengi kuliko zote duniani mwaka 2019 ilipoipita ya PewDiePie, kijana wa Uswidi. Kinachoniuma ni beti. Wimbo wa zamani ulikuwa na beti mbili au tatu ambazo kila moja iliisogeza hali ya mhusika mbele. Wa leo mara nyingi una kiitikio na mabaki.

Kijana wetu Kili Paul, Mmasai wa mkoa wa Pwani, alipata umaarufu mkubwa India kuanzia mwaka 2021 kwa video fupi akifuatisha nyimbo za filamu kwa midomo pamoja na dada yake Neema, hadi ubalozi wa India nchini ukamtunuku. Nafurahi kwa ajili yake, na uso wake una ukarimu ambao waigizaji wengi hawana. Lakini mweke kando ya Juma Bhalo uone wimbo umesafiri vipi. Bhalo alihitaji mahadhi yote, mwanzo hadi mwisho, ili ajenge shairi ndani yake. Video ya Kili Paul inahitaji nusu dakika ya kiitikio. Kila mmoja alipokea kile ambacho Bombay ya wakati wake ilikitoa.

Mwaka 2012 Bunge la India lilirekebisha sheria ya hakimiliki, baada ya kampeni iliyoongozwa na mshairi Javed Akhtar, ili washairi na watunzi wa mahadhi wawe na sehemu sawa ya mirabaha ambayo hawawezi kulazimishwa kuisamehe kwenye mkataba. Ni hatua kubwa kuliko tuzo zote. Hata hivyo, mirabaha humlinda mshairi baada ya wimbo kuandikwa. Haimrudishi kwenye kikao.

Anaporudishwa, tofauti inasikika hata sasa. Masaan, filamu ya mwaka 2015, ina kijana wa tabaka la Dom, wachoma maiti wa kingo za Ganges mjini Varanasi, anayempenda msichana wa tabaka la juu anayesoma washairi na kuwanukuu. Kijana hana maneno yake mwenyewe. Wimbo wao unaanzia kwenye mstari wa mshairi wa Kihindi Dushyant Kumar: wewe unapita kama treni, nami natetemeka kama daraja. Varun Grover ameuendeleza mstari huo ukawa wimbo mzima, Swanand Kirkire akauimba taratibu, na bendi ya Indian Ocean haikuongeza hata mlio mmoja usiohitajika. Anayeimba pale ni kijana huyo tu, kwa lugha aliyoazima kwa msichana wake, katika mji ambamo treni na madaraja hazikosekani. Grover, aliyeandika maneno ya wimbo huo, ndiye aliyeandika na filamu yenyewe.